Trekta Nililomnyima Mtani Wangu

Mkosaji ni mimi, ndugu zangu, msimtafute mwingine. Nimelikalia jambo hili miaka mingi na limenichosha. Jina langu naomba mniache nalo.

Nilikuwa mchezaji, kisha kocha, wa mpira wa Kiaustralia. Najua unacheka. Alituletea mwalimu mmoja wa kutoka huko, nikiwa nasoma Tabora miaka ya mwanzo ya Uhuru. Mpira wenyewe una umbo la yai, unapigwa teke na ngumi, milingoti ya goli ni minne, na unaruhusiwa kumpanda mwenzako mgongoni ili udake. Mimi nilikuwa hodari wa kupanda migongo. Goti lilipoharibika mwalimu akanipa filimbi, na aliporudi kwao akaniachia mpira.

Nikaupeleka kwenye kijiji chetu cha ujamaa, upande wa Kigwa. Mwenyekiti aliutazama mchezo mpaka mwisho, akasema unafaa kwa sababu hauna kipa, na kipa ni mtu anayesimama tu wenzake wakifanya kazi. Basi nikawa kocha kwa idhini ya kijiji.

Mchezaji wangu bora alikuwa Shomari, Mzaramo, kibarua wa reli. Mimi ni Mnyamwezi. Maana yake unaijua: watani, tangu babu zetu walipokuwa wakibeba mizigo ya misafara hadi pwani. Mtani anakutukana mbele ya wakwe zako, anakutangazia kifo ukiwa mzima, na huruhusiwi kukasirika. Ukikasirika umejiaibisha wewe na ukoo wako.

Shomari alinitania vibaya. Siku moja nikiwa naoga alipiga kelele kwamba nyumba yangu inaungua. Nilitoka mbio na taulo, lakini taulo halikufika nami. Kijiji kizima kilikuwa mkutanoni pale nje. Nikaapa kwamba nitamlipa.

Ikafika siku ya mechi. Tulikuwa tunakwenda mjini kucheza na wanafunzi wa shule yangu ya zamani, na kijiji kilitupa trekta na tela lake. Ufunguo nilikuwa nao mimi. Asubuhi Shomari akaja, bado kavaa nguo za kazini. Akasema bintiye Zuhura ana homa kali, anaweweseka, hata uji hapokei. Akaomba trekta limpeleke hospitali mjini sasa hivi, kisha lirudi kutuchukua.

Nikamtazama. Wachezaji nao wakanitazama mimi. Jamani, nikaona huu ni ule moto wa uongo tena, na leo ndiyo leo!

"Mwambie avumilie, mtani," nikamwambia. "Trekta linaondoka saa nane. Akifa kabla ya hapo, tutamzika baada ya mechi."

Timu ikaangua kicheko. Shomari naye akatoa meno kidogo, kwa kuwa mtani hakasiriki. Akaomba mara ya pili, kwa sauti ya chini, na mimi nikazidi kucheka. Hapo ndipo nilipopaswa kuona! Mtu anayetania hashushi sauti.

Akaenda stesheni na mtoto mgongoni kungoja treni. Treni ilichelewa kama kawaida yake. Sisi tuliondoka saa nane tukiimba kwenye tela, na njia nzima nililalamika kwamba mchezaji wangu bora ametoroka.

Tulishinda. Nalisema kwa sababu ndivyo ilivyokuwa.

Tuliporudi jioni tukakuta watu wamekaa nje kwa Shomari. Zuhura alifia stesheni mikononi mwa baba yake, treni haijafika. Nilikaa chini pale pale kwenye vumbi, na filimbi yangu shingoni. Mungu wangu, nisamehe!

Mazishi yalikuwa kesho yake. Kazi ya mtani msibani ni kuwachekesha wafiwa: anaingia kaburini, anajilaza, anakataa kutoka mpaka apewe kitu. Watu wote walikuwa wakinisubiri mimi. Nikabaki nimesimama kando. Ndipo Shomari akanijia, akanipa mkono kama anavyopewa afisa kutoka wilayani.

"Ahsante kwa kuja, ndugu kocha," akasema. "Usijisumbue. Nimeshamwomba mtani mwingine."

Timu niliivunja mwezi ule ule. Yeye hajanitukana tena mpaka leo. Tukikutana ananisalimia vizuri, anauliza hali ya nyumbani, anakwenda zake. Kuna siku nilimtukana mimi, makusudi, mbele za watu sokoni, matusi ya utani yale mazito kabisa, nikitumaini atanijibu. Alinisikiliza mpaka nikamaliza, kisha akasema, "Nashukuru."

Ninyi wenye watani, tanianeni, sikatazi. Ila mtu akikutajia mgonjwa, inuka ukamwone kwanza, hata kama utamkuta mzima wakucheke mpaka walie. Mimi niliogopa kuchekwa mara ya pili, na mtoto wa watu akafa.