Alama Chini ya Kiti cha Nyuma

Mimi nina hasira za karibu, mke wangu atakuambia. Sahani ikianguka jikoni nimeshafoka kabla haijafika chini. Lakini siku ile kwenye uwanja wa shule, siku niliyoihitaji hasira yangu kuliko siku zote, ilikataa kutoka. Mpaka leo sijaisamehe.

Mwaka uliofuata Kombe la Dunia nilikuwa nalinda magari kwenye maduka ya Glenwood, hapa Durban. Unavaa kizibao cha kung'aa, unamwelekeza mtu kuegesha, rudi, rudi, sharp, basi hapo hapo, halafu unasimama juani mpaka atoke dukani akupe sarafu, au asikupe. Wakongomani tulikuwa wengi kwenye kazi hiyo. Mwenzangu wa upande wa benki alikuwa mwalimu wa hesabu. Mimi kwetu Bukavu nilikuwa seremala, na si seremala wa kubahatisha, bwana. Nilikaa miaka saba chini ya fundi mkali asiyejua kusifu. Ukimletea droo inayofunga vizuri, anaifungua na kuifunga mara tatu, kisha anakurudishia kimya. Hapo ujue umefaulu.

Siku moja Mzungu mmoja mzee, mhandisi mstaafu, aliegesha mbele yangu. Kupitia kioo niliona kwenye kiti kijitabu kikuukuu cha Kifaransa, na juu yake picha ya gari yenye magurudumu membamba.

"Papa, unasoma Kifaransa?" nikamwuliza. Kwetu mwanamume wa umri ule ni papa, awe Mzungu, awe nani.

"Hata neno moja," akasema. "Wewe je?"

"Nimesomea Kifaransa tangu darasa la kwanza."

Jumamosi iliyofuata nilikuwa kwenye gereji yake, mitaa miwili tu kutoka pale. Ndani iko gari ile ile ya kwenye picha, au tuseme mifupa yake. Chuma cha chini kizima, injini nzima, lakini juu, mama wee! Mchwa walikuwa wamekula mbao zote. Maana magari ya wakati ule, mabati unayoyaona ni ngozi tu. Ndani yake ni mbao, milango mbao, paa mbao, bati limepigiliwa juu kwa misumari midogo.

Basi nikawa namsomea kijitabu, naye anaandika. Kiwanda chenyewe kilianza kwa kutengeneza vitanda vya chuma, huko Ufaransa, kwenye mji mdogo wa mtoni. Mwenye kiwanda akazeeka, mwanawe akachoka na vitanda, akasema atatengeneza gari ya mtu mwenye watoto, si ya tajiri. Gari ya daktari wa kijijini, ya mwalimu mkuu, ya mwenye duka. Chini zilikuwa zote sawa, injini moja, chuma kimoja. Tofauti ilikuwa juu. Iko ya watu wanne isiyo na paa, iko ya watu sita ya kufunga kabisa kwa ajili ya mvua, iko yenye sanduku nyuma kwa waoka mikate. Kila moja ilitoka kwenye mikono ya maseremala. Baadaye, vita ya kwanza ya dunia ilipokwisha, wakaleta mashine za kukunja mabati, na maseremala wakaambiwa waende nyumbani.

Kulikuwa na picha yao ukurasa wa mwisho, wanaume kama thelathini wenye aproni. Chini ya picha wameandika jina la mkurugenzi, jina la mhandisi, na jina la mbwa wa mkurugenzi. Maseremala wameandikwa "wafanyakazi". Papa alicheka sana juu ya yule mbwa. Na mimi nilicheka.

Nilimjengea gari ile kwa miaka miwili, Jumamosi na jioni. Tulikwenda pamoja kwenye duka la mbao karibu na bandari kutafuta mbao ya frêne, mti wa Ulaya ulio mgumu lakini unaokubali kupinda. Nilichemsha maji kwenye pipa, mvuke ukapita kwenye bomba, ubao ukalala ndani ya bomba saa nzima. Ukiutoa una dakika moja tu ya kuupinda kabla haujakataa. Kwa ile mbao ya juu ya mlango, yenye mzunguko kama mgongo wa kijiko, nilivunja saba. Ya nane ikakubali. Papa akanikumbatia na jasho langu lote, akaniita mwanangu. Alinilipa vizuri kila wiki, hapo sina maneno.

Sasa sikiliza vizuri, maana shida yangu yote imeanzia hapa. Fundi wangu wa Bukavu alitufundisha kuweka alama kwenye kila kazi. Unaandika herufi za mtoto wako wa kwanza na mwaka, kwa kalamu ya risasi, ndani ya kiungo, pale mbao mbili zinapoingiana, kabla ya kutia gundi. Hakuna atakayeiona mpaka siku kazi yako itakapovunjwa, na hakuna atakayeweza kuifuta. Nilikuwa nimeshika kalamu nifanye hivyo, papa akanizuia.

"Usiifiche huko," akasema. "Iweke chini ya kiti cha nyuma, mahali ninapoweza kuwaonyesha watu. Siku ya maonyesho ya magari ya zamani nitakiinua kile kiti na kusema: huyu ndiye aliyeijenga."

Akaniambia pia kwamba atakuja rafiki yake mwenye karakana ya magari ya zamani kule Pinetown, anayetafuta seremala. Akiona kazi hii ataniajiri hapo hapo. Unaelewa maana yake kwangu? Kuvua kizibao. Mtoto wangu akiulizwa shuleni baba anafanya nini, ajibu bila kuangalia chini. Nikaweka alama chini ya kiti. Ndani ya viungo sikuweka hata moja.

Siku ya maonyesho mke wangu alinipigia pasi suti ya harusi. Wamama wa kanisa walishaniombea tangu Jumapili. Nilifika uwanjani magari yamepangwa mistari, yanametameta, na yetu katikati, nyeusi, nzuri mpaka nikataka kulia. Papa akanisalimia haraka haraka. Kwenye kioo cha mbele amebandika karatasi ya shindano. Nikaisoma mara mbili. Ameiingiza kwenye kikombe cha magari ambayo hayajaguswa, yenye kila kitu cha kiwandani.

Kabla sijamwuliza majaji wakafika.

"Na mbao?" jaji mmoja akauliza.

"Za kiwandani," papa akasema. Akaweka mkono begani kwangu. "Huyu amesoma kitabu chote kwa Kifaransa. Mwulizeni."

Jaji akanigeukia. "Ni kweli? Mbao hizi ni za kiwandani?"

Nilimwangalia papa. Alikuwa anatabasamu, lakini vidole vyake begani vilikuwa vinabana. Mtu wa kwetu ataelewa nilichokifanya. Mzee hakanushwi mbele za watu. Unamstahi, unamngoja nyumbani, mlango umefungwa, ndipo unamwambia papa, hapa umenikosea. Ndivyo nilivyolelewa.

"Ndiyo," nikasema. "Za kiwandani."

Wakaandika, wakaenda. Mtu mmoja mfupi alibaki, anapapasa ile mbao ya nane juu ya mlango, polepole, kama mtu anayejua anachokigusa.

"Hasara kubwa," akasema. "Waliojua kupinda hivi wamekufa wote. Natafuta seremala mwaka wa pili sasa, pale Pinetown."

Nikamwambia hawajafa, ni mimi. Mbao zote ni mimi. Akaniangalia suti yangu, akaniangalia usoni.

"Sasa hivi umesema ni za kiwandani."

"Njoo uone!" Nikafungua mlango wa nyuma, nikashika kiti, nikakiinua. Herufi za mtoto wangu hazikuwepo. Mahali pake pamepigwa msasa mpaka pakawa laini, pakapakwa vanishi mpya. Alifanya kazi safi, mzee yule. Nilimfundisha mwenyewe kupiga msasa.

Yule mtu wa Pinetown akamgeukia papa, anauliza kwa macho tu.

"Amenisaidia sana," papa akasema. "Hasa kuiosha."

Nilikirudisha kiti taratibu kisigonge mbao. Eish, hata saa ile niliwaza mbao! Niliumia namna ambayo sijawahi kuumizwa na adui, maana adui unamjua. Nyumbani mke wangu alikuwa mlangoni. "Balikupa kazi?" akauliza kwa Kiswahili cha kwetu. Nikavua koti, nikampa alitundike.

Kikombe papa alikipata. Mimi Jumatatu nilivaa kizibao.

Ilipita kama miezi mitatu. Asubuhi moja papa aliingia pale madukani na gari yake ya kila siku, nikamwelekeza kuegesha kabla sijajua ni nani. Akashuka, akaniona, akashangaa. Naapa alishangaa kweli kweli.

"Bado uko hapa?" akasema. "Nilidhani umeshapata kazi nzuri."

Maneno niliyomwandalia miezi mitatu yote yalikuwepo mdomoni. Watu walikuwa wanapita, wengine wanatusikia, na yeye ni mzee.

"Niko, papa," nikasema.

Akafunga milango, akaingia kununua mkate. Gari yake niliilinda mpaka aliporudi.