Siku Tuliyoiondoa Bodi ya Pili

Tak! Kibao kidogo cha chuma kilianguka hivyo kwenye bodi ya simu, ule ubao wa matundu wa kuunganishia wapigaji kwa waya, maana yake mtu anaomba laini. Ndiyo sauti ya siku yangu ya kwanza kazini, chumba cha simu, Shinyanga. Nilikuwa na darasa la saba na ndoto za kuwatosha watu wawili.

Tulikuwa maopereta watatu, kila mmoja na bodi yake. Mpigaji hakujua anapitia ipi. Msimamizi alinifundisha mapema: "Bodi haing'olewi kama jino, binti. Kwanza isipokee simu mpya, wenzako wazibebe. Waliomo wamalize. Halafu ingia kwenye laini, uliza, 'Mnaongea?' Mara mbili. Kimya? Chomoa waya."

Katikati ya miaka ya tisini, dhahabu imeshawavuta watu Geita, ikaamuliwa bodi yangu, ya pili, ihamishiwe huko. Asubuhi hiyo wenzangu wakabeba simu mpya zote. Kwangu ukabaki waya mmoja: mama wa Geita akiongea na hospitali, upande wa Kolandoto. Mwanawe alikuwa amefukiwa na kifusi kwenye shimo la dhahabu, akakimbizwa hospitalini hapo. Nilipomuunganisha aliniambia, "Mwanangu, nataka sauti yake tu."

Msimamizi akasimama mlangoni. "Gari linanguruma nje. Kwani unaagana nao?"

"Yupo mmoja bado, mzee."

"Si uulize!"

Nikaingia. "Mnaongea?" Kimya. "Mnaongea?" Kimya.

Nikachomoa.

Punde muuguzi wa Kolandoto akapiga, akapitia bodi ya tatu. "Dada, mbona mmetukata? Nilikwenda wodini kumleta kijana. Huyu hapa, ameshika simu."

Laini ya Geita ilikataa mpaka jioni. Kijana alifariki saa tisa alasiri.

Mama alipokuja kuchukua maiti alipita ofisini. "Nilikusikia ukiuliza," akasema. "Niliogopa kujibu. Nilidhani nikisema neno, laini itakatika." Akanishika mkono. Heri angenigombeza.

Vijana niliowafundisha baadaye niliwaambia: kimya siyo kumaliza. Mwite mtu kwa jina lake, mngoje.

Nilipostaafu, mitambo mipya ilikuwa imeshaziua bodi zote. Wenzangu wakiwa nje na pilau ya kuniaga, nilirudi ndani, nikavaa visikilizio, nikachomeka waya kwenye tundu la Geita, kwenye bodi ya tatu iliyokwisha kuzimwa.

"Mama, bado mnaongea?"

Nikangoja. Nje waliniita mara ya tatu ndipo nikauchomoa, polepole, kwa mikono miwili.