Rambirambi Nilizotungiwa na Simu

Mimi ni afisa utumishi. Siku hizi barua zangu zote, za ajira na za onyo, hutungwa na akili mnemba kwenye simu. Basi mlinzi wetu, Mzee Mushi, alipofariki, nikaiomba initungie rambirambi za ofisi.

Mazishini kule Old Moshi niliitwa kuzungumza kabla sijazipitia. Meneja ananikodolea macho, nikafungua simu. Nikasoma mfululizo bila kuinua uso, nikimwomba Mungu nifike mwisho. Nikaupita mwisho wenyewe, nikasoma kwa sauti hata swali ambalo mashine ilikuwa ikiniuliza mimi: “Je, ungependa niongeze huzuni kidogo?”

Mjane akainua kichwa.

“Hapana, mwanangu,” akasema taratibu. “Hii tuliyo nayo inatosha.”