Mzee Wakili wa Ng'ambo ya Mto

Mwaka jana nilipita soko la Daraja Mbili kutafuta blanketi, na katikati ya rundo la mitumba nikaona koti jeusi la sufu, zito, la kufika magotini. "Shika tu, mama," muuzaji akaniambia, "hiyo ni ya baridi ya majuu." Nikalishika, na papo hapo nikawa Nyamira, ng'ambo ya mto, mbele ya nyumba ya mabati ambayo leo siwezi kukuonyesha mahali ilipokuwa bila kukisia.

Nililelewa na nyanya, mama wa mama yangu. Babu alikwenda vita vya Wazungu na hakurudi. Nyanya akabaki na mabinti wawili na shamba la mteremko: migomba juu karibu na nyumba, pareto katikati, viazi vitamu chini kwenye unyevu wa mto. Tulichuma maua ya pareto umande ukiwa bado haujakauka, na darasani vidole vyangu vilinuka dawa ya wadudu mchana kutwa. Ijumaa alipika chakula cha Sabato, ugali wa wimbi na chinsaga, zile mboga chungu alizozilaza kwenye maziwa, kwa sababu Jumamosi moshi haukuonekana kwetu. Sisi tulikuwa Wasabato. Ng'ambo ya mto walikuwa Wakatoliki, na kengele yao tuliisikia tukijifanya hatuisikii.

Ng'ambo huko ndiko alikoishi mzee mmoja mweupe aliyefundisha hesabu katika shule ya mapadri. Hakuwa padri, wala hakuwa Mwingereza, na ukimwita Mwingereza alikasirika. Alitoka Polandi. Wakati wa vita yeye na wakimbizi wenzake waliletwa Afrika, wakawekwa kambini Tanganyika, na wenzake walipotawanyika yeye alikuja kwetu, na koti lake jeusi alilolivaa hata jua likiwaka. Watu walimwita Mzee Wakili, kwa kuwa ndiyo kazi aliyoifanya nchini kwao. Kiswahili chake kilikuwa safi kuliko chetu, ila kila r ilinguruma kama jiwe la kusagia.

Nyanya hakuwa na shauri naye hadi wapimaji wa mashamba walipofika. Ndipo shemeji yake, ndugu wa babu, aliposimama mbele ya kamati ya ardhi akasema mjane asiyezaa mtoto wa kiume hana mpaka wake. Kesi ikapelekwa kwa ofisa Mwingereza. Nyanya hakujua Kiswahili wala Kiingereza, kwa hiyo karani mmoja alikuwa akimtafsiria, na karani huyo alikuwa rafiki wa shemeji.

Mimi nilikuwa nimekaa kwenye nyasi karibu na miguu ya nyanya. Alisimama akaeleza kwa muda mrefu: nani alipanda miti ya mpaka, watoto wake wawili waliokufa wachanga wamezikwa wapi, nani alifyeka kichaka pale kabla ya mtu yeyote. Alipomaliza, karani akamgeukia ofisa akasema kwa Kiswahili, "Anaomba ahurumiwe." Basi. Maneno yote yale yakawa mawili. Ofisa akatikisa kichwa, akaahirisha kesi hadi juma lililofuata.

Njiani nikamwambia nyanya nilichokisikia. Tukafika mtoni. Badala ya kupanda kwenda nyumbani, akakunja nguo yake, akavuka.

Mzee Wakili alitupatia viti barazani, naye akabaki amesimama. Nikawa mdomo wa wote wawili: Ekegusii, lugha yetu, huku, Kiswahili kule. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Mwambie nyanya yako kwamba jambo hili nalijua. Lilitukuta sisi nikiwa kijana."

Alitueleza kwamba alipozaliwa nchi yake haikuwa kwenye ramani. Mataifa matatu makubwa yalikuwa yameigawana, na upande wao alitawala mfalme wa Warusi. Mahakamani ilikuwa lazima Kirusi. Wakulima walisimama wakazungumza lugha yao, na mkalimani akasema alichotaka. Yeye, wakili kijana, alikataa kuendelea na kesi moja mpaka maneno ya mkulima yasomwe yote. Walimnyang'anya ruhusa ya uwakili. Watu wake wakamchagua kwenda bunge la mfalme huyo, na huko alisimama akadai shule za lugha yao. Bunge lilipovunjwa, akafungwa.

"Kesi ile, alishinda?" nyanya akauliza.

Nilipotafsiri, mzee alicheka kidogo. "Yule mkulima alipata shamba lake. Mimi nilipata kikohozi cha gerezani." Kisha akainama mbele ya nyanya. "Mama, mimi siruhusiwi kukusemea pale. Lakini sema neno moja, halafu nyamaza. Usiongeze mpaka litafsiriwe. Mtoto akuambie limetafsiriwaje. Likipindwa, lirudie."

Juma lililofuata nyanya alisimama. "Sikuja kuomba huruma," akasema, akanyamaza.

Karani akangoja. Watu wakangoja. Ofisa akainua macho. Mwishowe karani akasema, "Anashukuru serikali." Nikamnong'oneza nyanya, naye akapaza sauti, "Sivyo nilivyosema!" Umati ukaguna. Karani akatoka jasho, akajaribu tena, nyanya akakataa tena, hadi ofisa akamwita askari aliyekuwa mtu wa kwetu achukue mahali pake. Kuanzia hapo maneno ya nyanya yalivuka moja baada ya jingine, mazima.

Hakupata vyote. Sehemu ya chini, ya viazi, alipewa shemeji. Nyumba, migomba, pareto na makaburi ya wanawe vilibaki kwake. Alirudi akamkatia Mzee Wakili mkungu mzima wa ndizi, tukaubeba sote wawili.

Bendera yetu ilipopandishwa, asubuhi yake mzee alipanda mlima kuja kwetu, akavua kofia. "Nimekuja kuwapa pole na hongera," akasema. Nyanya akamuuliza kwa nini pole. Akajibu, "Sisi pia tuliwahi kupata uhuru. Tulikaa nao miaka ishirini, tukanyang'anywa tena. Kupata ni kazi, kutunza ni kazi kubwa zaidi." Kisha akala ndizi na maziwa ya kibuyu, machozi yakimtiririka bila yeye kuyafuta.

Alifariki miaka ya sabini, umri wake ukiwa umepita tisini, nami nikiwa chuo cha ualimu. Walimzika Jumamosi. Nyanya, ambaye hakuwahi kukanyaga kanisa la Wakatoliki, alivuka mto siku ya Sabato, akaketi kiti cha mbele. Wazee wa kanisa letu walipomuuliza, aliwaambia, "Andikeni dhambi hiyo, nitaijibu mwenyewe."

Nyanya naye alimfuata kaburini. Pareto iling'olewa, chai ikapandwa mpaka ukingoni mwa mto, na nyumba ya mabati ya mzee ikabomolewa. Wajukuu zangu wanazungumza Kiingereza na Sheng. Ekegusii wanaielewa nusu. Miaka mingi baada ya kumzika mzee, nikisahihisha daftari za wanafunzi, redio ilitangaza kwamba watu wa Polandi wamepiga kura na wamejitwalia nchi yao. Niliweka kalamu chini, nikatoka nje mbio kama mtoto aliyetumwa ng'ambo kwa mzee. Nikasimama uani. Hapakuwa na mtu hata mmoja, upande huu wa mto wala ule, ambaye habari ile ilikuwa yake.