Hoja Niliyoipokea Mambrui

Kwa miaka mingi nilikana kwamba hoja kuu ya tasnifu yangu, kuhusu Wakristo na Waislamu wa mwanzo, ilitoka kwa shangazi yangu wa Mambrui. Akichambua mchele, alisema, “Walikuwa majirani hao. Walisimuliana habari za manabii kabla hawajaanza kubishana.” Nikaipamba kwa tanbihi chungu nzima, nikaitwa daktari.

Kesho tasnifu inakwenda kupigwa chapa iwe kitabu, naye hatajwi popote. Leo nimempigia simu, nikaungama, nikaomba ruhusa ya kumtaja.

“Peke yangu?” akacheka. “Wee, kazi yako si kuchunguza nani kapokea hadithi kwa nani? Mimi maneno hayo nimeyapokea kwa nyanya yako, naye kwa mke wa mchungaji wa Sabaki. Utuandike sote, kwa mpangilio.”