Draya ya Kanini

Kenyatta Market hatusuki mtu kwa mikono miwili. Ukikaa tu kitini, wasusi wanne wanakivamia kichwa chako, na rasta za kutwa nzima zinaisha kabla nyama choma uliyoagiza hapo jirani haijaiva. Mimi Waceke sisuki. Nauza nywele katika kibanda kinachotazamana na cha Kanini, na kwa miaka kumi na sita mchango wangu umekuwa mdomo.

Huyo Kanini msimwone hivi. Alitoka Mwingi na begi moja, akapanga chumba mtaa wa Satellite, akamlea bintiye Yvonne peke yake. Na ana ile draya kuukuu ya kusimama, ya kukaushia nywele, aliyoinunua katika saluni moja ya Kinoo ilipokuwa ikifungwa. Kofia yake ni kubwa kama sufuria ya harusi. Ukikizungusha kitufe chake nyuma, inavuma, na chini yake anatokea Kanini wa miaka iliyopita, kitana mkononi. Anasuka nusu saa, kisha anarudi kwenye miaka yake bila kukumbuka chochote. Ndiyo maana zamani alizoea kuniuliza, "Waceke, hii nusu saa imeenda wapi?" Nami nilimwambia ni uzee.

Kuzungusha mbele hakuthubutu. Mwaka huu ndipo aliniambia sababu. Alikuwa amepata uvimbe kwenye titi, akapimwa, na majibu yangetoka Jumatatu. Yvonne hakuambiwa.

"Nikiita wa mbele na hakuna mtu amekuja," alisema, "nitarudi nyumbani aje?"

Nilimgombeza aache upuzi. Ukweli ni kwamba niliogopa kuliko yeye.

Ijumaa kabla ya Jumatatu hiyo Yvonne alikuwa aolewe na Mwaura, kijana wa kabila letu, katika afisi ya msajili wa ndoa mjini, saa tano. Aliapa hakuna atakayemsuka ila mamake, maana utoto wake wote alisukwa na majirani huku mama akisuka watoto wa watu. Lakini fundi alimchelewesha na gauni, akafika kwetu saa mbili unusu. Draya ikatoa Kanini wawili wa zamani, mmoja mwembamba wa kutia huruma, mwingine mchangamfu na meno yote. Nusu saa yao ikaisha, wakaenda. Upande wa kushoto haukuwa umeguswa, na kitufe hicho hurudi nyuma mara mbili tu kwa siku.

"Mum, si uzungushe mbele?" Yvonne akauliza.

Kanini alinitazama. Akashika kitufe, akakipeleka mbele miaka kumi.

Draya ikavuma. Chini ya kofia palikuwa na kiti kitupu. Ikavuma tena, ikapoa, na kiti bado kitupu. Nilianza kulia, nasema wazi, nililia.

Kisha kiatu cha raba kikagonga sakafu.

"Ngojeni, magoti yangu si ya jana," alisema mwanamke mwenye mvi, akiinuka na kitana chake. "Fanyeni haraka. Nimemwachia Kanini mdogo uji, na hamalizi bila mimi."

Katika kabila letu, binti wa kwanza huitwa jina la mama wa mume. Wa pili ndiye huchukua jina la mama wa mke. Nikahesabu: wajukuu wawili, angalau.

Kanini wetu akamshika mkono huyo mwenye mvi, yaani yeye mwenyewe. "Na Jumatatu?"

"Jumatatu utalia. Utatibiwa, na nywele zitanyonyoka zote." Akainamisha kichwa chenye mvi. "Zangu si hizi? Shika kitana."

"Utatibiwa nini, Mum?" Yvonne akageuka, rasta moja ikamponyoka yule mwenye mvi.

Kanini akamwambia yote, akisuka. Yvonne alilia, akamkasirikia mamake, kisha akaapa Jumatatu wataenda pamoja. Saa nne na robo upande wa kushoto ulikuwa tayari, na ukiniuliza mimi, ulipendeza kuliko wa kulia.

Jumatatu alilia, kama alivyoambiwa. Sasa anatibiwa, kichwa kimebaki kipara, na mdomo wake umeanza kushinda wangu. Mimi nimeandika tarehe kwa rangi nyuma ya mlango wa kibanda: miaka kumi baada ya Ijumaa ile, asubuhi, Kanini asipewe mteja.