Shangazi Aliyekubali Kushindwa

Shangazi yangu aligombea urais mara moja tu, akashindwa, na watu wa kwetu bado wanamsema kana kwamba aliiba kuku. Waseme. Mimi namvulia kofia.

Alianza kama fundi cherehani katika chumba kimoja nyuma ya stesheni, na mdomo usiojua kufungwa. Kwake aliyeshona vibaya alifumua mwenyewe, tena mbele ya mteja, hata akiwa yeye mwenye duka. Mafundi wenzake wakamfanya mwenyekiti wa chama chao, kisha akaingia bungeni, na huko nako hakunyamaza. Alipotangaza kugombea urais, baba yangu, ambaye ni kaka yake, alicheka hadi chai ikampalia.

"Wewe? Nyumba yako tu imekushinda kupaka rangi!"

"Rangi tutapaka Ikulu, kaka."

Asubuhi ya matokeo vijana walijaa uani na mawe mikononi, kaka yangu akiwa mbele. Njia panda askari walikuwa wanawasubiri na bunduki. Sebuleni wakubwa wa chama walimzunguka shangazi.

"Mama, sema neno moja tu. Wameiba."

"Wameiba wapi? Mawakala wetu wamesaini kila kituo."

"Siasa haiulizwi hivyo, Mama."

Alilia. Nilimwona, na iliniuma, kwa maana urais aliutaka kweli, si mzaha. Kisha akafuta uso, akatoka nje bila viatu.

"Wanangu, hatukuibiwa. Tumeshindwa. Aliyewaahidi ushindi ni mimi, basi nitukaneni mimi, halafu mwende nyumbani."

Walimtukana kwelikweli. "Shangazi, umenunuliwa!" kaka yangu alipiga kelele, na jiwe la mtu likavunja dirisha la jikoni. Hakurudi ndani. Alisimama palepale akiyapokea yote mpaka wa mwisho alipoondoka, na njia panda hakufika hata mmoja.

Wiki ileile chama kikamfukuza. Akarudi kwenye cherehani yake, wateja wakimtania, "Mheshimiwa, suruali yangu lini?" Naye huwajibu, "Kesho," uongo pekee niliowahi kumsikia akiusema.

Kaka yangu mpaka leo anamwita msaliti. Juzi alikuja kwangu akayarudia maneno yaleyale, amempakata binti yake mdogo, mtoto anacheka na kumvuta ndevu.